Sahani ya Msuluhishi

Mgeni aliingia moto ukiwa bado unapulizwa. Ilikuwa Julai ya mwaka 1958, asubuhi ya ukungu ule wa Thika unaoficha hata bomba la moshi la kiwanda cha mananasi. Kalondu alikuwa amechuchumaa mbele ya mafiga, machozi yakimtoka kwa kuni mbichi, aliposikia mtu akikohoa mlangoni. Hakikuwa kikohozi cha kubisha hodi. Kilikuwa cha kweli, cha mtu aliyesafiri kwenye baridi bila kulala.

"Bado hatujafungua," alisema bila kugeuka.

"Najua, mama. Basi limenifikisha mapema mno. Niruhusu nisimame hapa tu mpaka kuche."

Kalondu akageuka. Alikuwa mzee mrefu, koti lake la kijivu limefungwa vifungo hadi shingoni, kofia ameishika mkononi kama aliyeingia kanisani.

"Utasimama, kwani wewe ni nguzo? Pita huku nyuma uote moto, baba. Hapo mbele ni barafu tupu."

Mzee akapita kwenye chumba cha meza na kuingia jikoni. Jiko lenyewe lilikuwa kibanda cha mabati kilichobandikwa nyuma ya hoteli, na Kalondu alilipenda kuliko kitu kingine chochote alichokuwa nacho duniani. Mgeni akanyoosha viganja juu ya moto. Kisha akaanza kuyatazama mabati, bati moja baada ya jingine, kichwa amekiinamisha upande kama kuku anayechunguza punje. Kalondu alidhani ni fundi.

Alimpa chai ya maziwa na sahani ya muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa, pamoja na maharagwe. Mzee alikula taratibu, akafuta sahani kwa kidole, akatoa thumuni mfukoni na kuiweka mezani.

"Rudisha hiyo," alisema Kalondu, akaisukuma.

"Kwa nini?"

Mama yake Kalondu alikuwa akiwapikia watu katika soko la Kangundo, naye alikuwa na sheria moja tu. Anayefika kabla sufuria ya kwanza haijashuka motoni si mteja, ni mgeni. Ukimtoza huyo, umeliuza jiko lako. Kalondu aliirithi sheria ile pamoja na mwiko na vyungu, na hakuwahi kuivunja hata siku moja kati ya wafanyakazi wa kiwandani.

"Mama, mimi sipendi kula cha bure."

"Basi ungechelewa."

Mzee akacheka mpaka kikohozi kikamkamata upya. Akairudisha thumuni mfukoni, akashukuru, akaondoka. Wateja wa zamu ya saa moja walipoanza kuingia kwa kelele zao, Kalondu alikuwa amekwisha kumsahau.

Alikuwa na jambo kubwa zaidi la kufikiria. Walikuwa wanataka kumtoa.

Mwenye nyumba, Macharia, alikuwa na malori matatu na duka huko Ruiru. Mwaka 1956 alimpangishia Kalondu chumba kile cha Thika kwa miaka mitano. Mkataba uliandikwa na wakili, kurasa nne za Kiingereza, na Kalondu akaweka dole gumba kila palipoonyeshwa. Alikuwa mjane. Nyumbani kwa mumewe, mashemeji walikuwa wamekwisha kugawana shamba mpaka mgomba wa mwisho. Chumba kile kilikuwa mahali pake pa kazi na pa kulala, na hakuwa na pengine.

Walikuwa wakielewana vizuri na Macharia. Kalondu alipolalamika kwamba kupikia ndani ya chumba kunawafukuza wateja kwa moshi, Macharia mwenyewe ndiye aliyesema, "Jenga jiko nyuma. Nina mabati ya gereji yangu ya zamani, nitakuletea na lori." Akayaleta kweli. Akasimama pale, mikono kiunoni, akimwelekeza fundi pa kupiga misumari.

Halafu, Februari ya mwaka ule wa 1958, stendi ya mabasi ikahamishiwa ng'ambo ya barabara, mbele ya mlango wa Kalondu. Mtu mmoja mwenye baa akakitamani kile chumba. Macharia naye akaukumbuka mkataba wake. Kifungu cha tisa kilisema mpangaji asijenge chochote bila ruhusa ya maandishi. Ikaja notisi ya siku thelathini.

"Lakini wewe mwenyewe ulinipa mabati!" Kalondu alimwambia, amemkuta dukani kwake Ruiru, mbele ya wateja.

"Nilikupa mabati, mama. Sikukupa barua."

Alilisema bila hata kuona haya, huku akimpimia mtu sukari.

Kalondu alikwenda kwanza kwenye korti ya Waafrika. Wazee watatu waliupitisha mkataba mkono kwa mkono, wakautazama mbele na nyuma. Yule wa katikati akamwambia kwamba wao husikiliza mambo ya mipaka, mahari na mifugo, na karatasi hii ilikuwa ya sheria ya Kizungu. Aende kwa hakimu. Akaenda kwa hakimu. Alingoja siku mbili kwenye baraza, hoteli imefungwa, ndipo akaitwa. Hakimu Mzungu aliufungua mkataba kwenye ukurasa wa mwisho, akasoma kidogo, akaufunga. Mkalimani wa korti, kijana aliyeitwa Mbuvi, akaeleza:

"Kifungu cha kumi na nne. Mlikubaliana kwamba ugomvi wowote juu ya chumba utaamuliwa na msuluhishi, mtu mmoja mtakayemchagua ninyi wawili. Kwa hiyo korti hii haina uwezo wa kuusikiliza."

"Muulize," alisema Kalondu, "yeye ni serikali. Serikali inakosaje uwezo?"

Mbuvi akauliza. Hakimu akajibu kwa upole, hata akatabasamu kidogo.

"Anasema uwezo wake uliishia pale ulipoweka dole gumba."

Ikabidi msuluhishi atafutwe. Macharia akamtaja Zacharia wa Gitothua, huko Ruiru, aliyekuwa karani wa mizani katika shamba la kahawa miaka thelathini kabla ya kustaafu. Kalondu akakubali.

"Dada, umerogwa?" alimaka Yahya, fundi cherehani wa mlango wa pili, ambaye ndiye aliyekuwa akimsomea barua zake. "Huyo ni mtu wa Macharia! Wanakaa benchi moja kanisani!"

"Nimtaje nani mimi? Nikutaje wewe?"

"Mimi naweza."

"Wewe hata kiuno cha mtu unakipima unakosea, utaweza kesi?"

Kesi ilisikilizwa katika ukumbi wa kijamii, siku kumi baada ya ile asubuhi ya ukungu. Kalondu aliingia, na mtu aliyeketi nyuma ya meza, kofia ameiweka pembeni ya karatasi zake, alikuwa yule mgeni wake. Mzee alimtazama kama alivyomtazama kila mtu mwingine, akaanza kazi.

"Jiko nimekwenda kuliona mwenyewe," alisema Zacharia. "Ndiyo desturi yangu. Sikuwahi kuandika uzito wa gunia nisilolitazama. Bwana Macharia, yale mabati yana herufi kwa ndani, rangi nyekundu. Zinasomekaje?"

Macharia alikohoa. "Ni mabati ya zamani."

"Sikuuliza umri wake."

"Zinasema... jina langu. Macharia, Ruiru."

"Yalifikaje Thika?"

Watu ukumbini wakaanza kucheka, na Macharia akaanza kuufuta uso kwa leso. Wiki moja baadaye uamuzi ukatoka, karatasi moja, Kiswahili kitupu, kwa mwandiko wa mkono ulionyooka kama mistari ya mibuni. Mwenye nyumba aliyeleta mabati kwa lori lake na kusimamia misumari hawezi kusema hakutoa ruhusa. Jiko libaki. Mpangaji akae mpaka mkataba wake utakapokwisha. Yahya aliusoma mara tatu, mara ya tatu amesimama juu ya kiti, na wateja wakapiga meza kwa vikombe.

Furaha ile ilidumu majuma matano.

Mwanzoni mwa Septemba ikaja barua ya korti. Yahya aliisoma kimya kwanza, midomo ikimchezacheza, na Kalondu akajua kwa kumtazama tu.

"Sema."

"Macharia amemwomba hakimu aufute uamuzi wa mzee. Anasema msuluhishi alipokea chakula cha bure kutoka kwako kabla ya kesi. Ikithibitika, uamuzi unatupwa. Na ukitupwa, notisi ya siku thelathini inasimama tena." Akameza mate. "Siku zake zilikwisha zamani, dada. Watakutoa siku ileile."

"Hakimu ameombwa na nani?"

"Macharia. Yeye ndiye aliyemwomba."

"Hakimu yupi? Yule yule?"

"Yule yule."

Kalondu aliweka chini birika. "Si hana uwezo? Si aliniambia mbele ya watu kwamba hana uwezo? Nilipokwenda mimi nalia, mkono wake ulikuwa mfupi. Leo mwenye malori amekwenda, mkono umerefuka! Ameuokota wapi huo uwezo, Yahya? Uliangukia wapi mpaka Macharia akauona kwanza?"

Mteja mmoja akasema polepole, "Kweli kabisa, mama," halafu akaona aibu ya kusema.

"Na msuluhishi nilimleta mimi? Si ni yeye alimtaja? Angemhukumia yeye, angesema kalishwa?"

Habari ya chakula haikuwa imeibwa na mpelelezi yeyote. Ilitoka kinywani mwa Zacharia mwenyewe. Jumapili moja, nje ya kanisa, wazee walipokuwa wakizungumzia chakula cha mjini, aliwaambia kwa furaha kwamba hajaonja muthokoi kama wa yule mama wa Thika, na kwamba alipotaka kulipa alikataliwa kwa sheria ya jikoni ambayo hajawahi kuisikia. Macharia alikuwa amesimama hatua mbili nyuma yake. Zacharia hakuona haja ya kuificha wala ubaya wa kuisema. Kwao, wazee walipoitwa kuamua, kila boma lililowapokea liliwapa chakula, na aliyekataa kula ndiye aliyetazamwa kwa wasiwasi.

Yahya aliliwaza jambo lile siku mbili, sindano mdomoni. Siku ya tatu akaja jikoni, akafunga mlango.

"Nimemuuliza karani mmoja wa korti. Maneno ya Macharia ni ya kusikia tu, hakuwepo. Mzee mwenyewe hataitwa, maana msuluhishi haulizwi juu ya kazi yake. Utaulizwa wewe peke yako. Alilipa au hakulipa. Sasa niambie, asubuhi ile nani alikuwepo? Wewe, yeye, na mafiga matatu. Sema alilipa thumuni. Kwisha."

"Lakini hakulipa."

"Alitaka! Aliitoa mfukoni! Thumuni iliona jua, dada. Imepungua nini?"

Kalondu alimfungulia mlango atoke. Lakini usiku na mchana baada ya hapo alijikuta akijizoeza. Alipokuwa akiosha vikombe alikuwa akisema kimoyomoyo, alilipa, alilipa thumuni, nikamrudishia chenji. Mara nyingine chenji aliiacha, akaona bila chenji linasikika vizuri zaidi. Baada ya siku chache likawa linatoka bila kukwama. Kwa nini aone haya? Macharia aliona haya alipokuwa akipima sukari?

Siku ya kesi alivaa gauni lake la bluu, akafunga kitambaa safi. Kwenye baraza la korti, mwisho wa benchi, Zacharia alikuwa ameketi peke yake. Lilikuwa koti lile lile la kijivu, ila sasa lilikuwa linamning'inia.

"Baba, waliniambia hutaitwa."

"Sikuitwa. Nimekuja kukuona wewe." Alisogea ampe nafasi. "Nimesikia watu wanasema utaapa kwamba nililipa."

Kalondu akageuza uso. Yahya na mdomo wake!

"Ndiyo. Na tutashinda."

"Wazee wa kanisa waliniita Agosti," alisema Zacharia. "Waliniuliza mbele ya wote, nami nikawaambia ilivyokuwa. Nilikula, nilitoa thumuni, ukaikataa, sikujua kwamba ni kosa. Macharia alitaka waniandike kuwa mla rushwa. Walisema wangoje wasikie korti. Sasa wewe ukisema nililipa, watasema mmoja wetu ni mwongo. Au watasema tumeketi pamoja tukapika maneno, na waliopika maneno bila shaka walipika na kesi."

"Ungewaambia ulilipa!"

"Sikulipa, mama."

Kalondu alitamani kumtikisa mabega. Hasira ile ambayo ilikuwa ya Macharia, na ya hakimu, na ya mashemeji na kifungu cha kumi na nne, yote ikamgeukia mzee huyu asiyejua kudanganya hata kidogo.

"Unajua nikisema hivyo leo wananitoa? Unajua sina pengine pa kulala?"

"Najua."

"Na bado unaniomba?"

Zacharia aliitazama kofia yake. "Nimekaa kwenye mizani miaka thelathini. Meneja aliwahi kuniambia niwapunguzie wachumaji ratili mbili kila debe. Sikupunguza. Sikupata nyumba ya mawe kama makarani wengine. Kitu nilichotoka nacho pale ni kwamba watu wa Gitothua wakisikia nimesema jambo, hawaulizi mara ya pili. Sina kingine." Akaigeuza kofia mikononi. "Sina haki ya kukuomba. Ukiona huwezi, sema unavyotaka, sitakulaumu. Sikuombi unisifu. Nakuomba useme kama ilivyokuwa tu."

Ndani, karani aliita jina la Kalondu, akilivunja katikati.

"Nitasema kama ilivyokuwa," alisema Kalondu, tena kwa ukali, kama anayemtukana. Akainuka, akaingia.

Chumba cha korti kilinukia karatasi na dawa ya sakafu. Macharia alikuwa ameketi nyuma ya wakili wake Mzungu, suti mpya, miguu ameikunja. Yahya alikuwa kwenye benchi la nyuma na akamwinulia vidole viwili, ishara ya ushindi ambayo aliiona kwenye picha za gazeti. Mbuvi mkalimani alimwapisha. Wakili akasimama, lakini Kalondu alikuwa amekwisha kumgeukia hakimu.

"Kabla sijajibu, na mimi nina swali."

Mbuvi akasita, akatafsiri. Hakimu akainua kichwa.

"Aprili nilisimama hapa hapa. Nikaambiwa korti haina uwezo. Leo mwenye nyumba amekuja, korti ina uwezo. Nataka nijue ni uwezo wa namna gani huo, unaokuja na kwenda kama mvua."

Kicheko kikapita kwenye mabenchi na kukatika ghafla. Hakimu alisema maneno mengi kidogo.

"Anasema," akaeleza Mbuvi, "ugomvi wa chumba hana uwezo nao hata leo. Hatatazama nani ana haki ya jiko. Anatazama tu kama msuluhishi alikuwa safi."

"Kwa hiyo haki yangu hana uwezo wa kuiona, ila sahani yangu anaiona."

Mbuvi alilitafsiri hilo akitazama sakafu. Shavu la hakimu liligeuka jekundu. Alisema kitu kifupi.

"Anasema sheria hakuitunga yeye."

"Mwambie hata mimi sikuitunga. Mwambie na mkataba sikuutunga, niliweka kidole tu. Mwambie msuluhishi alitajwa na yule pale aliyekunja miguu, na kosa la mzee huyu ni moja, hakuhukumu alivyotazamiwa."

"Mama," wakili alidakia kwa Kiswahili chake cha shambani, "jibu swali peke yake. Ile siku, yule mzee kula chakula yako. Yeye lipa ama hapana lipa?"

Kalondu aliona kila mtu amemgeukia. Neno alilojizoeza lilikuwa tayari kwenye ulimi, limelainika, bila chenji. Alimwona Yahya akitikisa kichwa kumhimiza. Alimwona Macharia ameikunjua miguu, na kwa mara ya kwanza tangu Februari uso wake ulikuwa na hofu, kwa kuwa hakuwa na shahidi mwingine, na alijua. Lingetosha neno moja. Kupitia mlango uliokuwa wazi aliuona mwisho wa benchi la barazani, na goti la mtu, na kofia juu ya goti.

"Hakulipa," alisema Kalondu.

Nyuma, Yahya alishika kichwa kwa mikono miwili. Wakili alitabasamu na kuanza kuketi.

"Sijamaliza. Usikae." Sauti yake ilikuwa imepanda. "Alitoa thumuni, akaiweka mezani, mimi nikairudisha kwa mkono wangu huu. Sikumjua ni nani. Hakuniomba chakula, aliniomba mahali pa kusimama mpaka kuche. Hayo yote ni jibu moja, lisikatwe. Mbuvi, mwambie yote, na yeye ayaandike yote, maana huko Gitothua kuna watu wanaoyangoja."

Mbuvi akatafsiri kipande kwa kipande. Kalondu alibaki amesimama, mikono imeshika ukingo wa kizimba, akiitazama kalamu ya hakimu mpaka Mbuvi alipoitaja ile thumuni na kalamu ikaiandika.